Shoti ya Mafuta: Nani Alipe Lita Zilizopungua Kituoni?

Hesabu ya mafuta katika kituo cha rejareja, ambacho wengi bado hukiita sheli hata kama hakina uhusiano wowote na kampuni ya Shell, hufuata kanuni fupi: akiba ya kufungulia, ikijumlishwa na mafuta yaliyoshushwa na lori, kisha yakatolewa mauzo yaliyosomwa kwenye mita za pampu, inapaswa kulingana na akiba inayopimwa tangini wakati wa kufunga. Pale ambapo kipimo cha tangi kinaonyesha lita chache kuliko zilizotarajiwa, tofauti hiyo huitwa upungufu, au kwa lugha ya wafanyakazi wenyewe, shoti, na papo hapo huzuka swali la nani anayepaswa kuibeba. Desturi iliyozoeleka ni kuigeuza kuwa fedha kwa bei ya siku, kuigawa kwa idadi ya wahudumu waliokuwa zamu na kumkata kila mmoja fungu lake, kwa hoja kwamba mafuta hayana miguu. Desturi hiyo haina msingi katika elimu ya mafuta wala katika sheria ya kazi, na kinachoiweka hai ni kwamba wanaokatwa huwa ni vijana wenye mikataba dhaifu, wasioonyeshwa hesabu inayowahukumu.

Kabla ya kufika kwenye sheria ni lazima kutenganisha mambo mawili ambayo katika daftari la kituo huandikwa mara nyingi kana kwamba ni jambo moja. La kwanza ni upungufu wa fedha, yaani tofauti kati ya lita zilizopita kwenye mita ya pampu aliyokabidhiwa mhudumu na fedha taslimu, malipo ya Lipa Namba au hati za wateja wa mkopo alizowasilisha mwisho wa zamu. La pili ni upungufu wa akiba, yaani tofauti kati ya lita ambazo mita zote zinasema zimeuzwa na lita ambazo zimepungua tangini. Upungufu wa kwanza unamhusu mtu mmoja, pampu moja na saa zinazojulikana, kwa kuwa mhudumu alisoma mita alipoingia, akaisoma tena alipotoka, na kila lita iliyopita katikati ilipita mikononi mwake. Upungufu wa pili unahusu chombo kilichofukiwa ardhini, ambacho mhudumu hakifungui wala hakipimi, na ambacho hulisha pampu kadhaa zinazoendeshwa na watu tofauti katika zamu tofauti. Kumdai mhudumu kwa upungufu wa kwanza kunaweza kuwa haki. Kumdai kwa wa pili, bila ushahidi mwingine, ni kumdai kwa jambo ambalo hana uwezo wa kulizuia wala kulijua.

Hoja kwamba mafuta hayawezi kupungua yenyewe huanguka mara tu joto linapoingizwa katika hesabu. Petroli hutanuka inapopata joto na kusinyaa inapopoa, kwa takriban lita 0.95 katika kila lita 1,000 kwa kila nyuzi moja ya Selsiasi, na dizeli kwa kiwango kilicho chini kidogo ya hapo. Lori linalopakia lita 10,000 za petroli kwa ujazo wa joto la mchana katika bohari za Kurasini au Kigamboni, kisha likashusha mafuta hayo katika tangi ambalo joto lake ni pungufu kwa nyuzi 5, litakuwa limepoteza karibu lita 47.5 bila tone kumwagika wala mtu yeyote kuiba. Na mafuta hayo yakipelekwa nyanda za juu kama Njombe, ambako tofauti ya joto inaweza kufika nyuzi 10, upungufu utakaribia lita 95. Kwa bei ya shilingi 3,000 kwa lita, ambayo inatumika hapa kwa ajili ya mfano tu, lita 47.5 ni shilingi 142,500. Wafanyabiashara wakubwa wa mafuta wanalijua jambo hili vizuri, na ndiyo sababu wao kwa wao hukokotoa ujazo kwa joto la rejea lililokubaliwa, kwa kawaida nyuzi 15 au 20. Elimu hiyo hiyo husahaulika mzigo unapofika mwisho wa safari yake, mahali ambapo wa kulipa ni mhudumu.

Mvuke nao una fungu lake. Petroli huvukiza kwa urahisi kuliko dizeli, na kila lori linaposhusha, mafuta yanayoingia husukuma nje, kupitia bomba la kupumulia la tangi, hewa iliyojaa mvuke ambao hapo awali ulikuwa sehemu ya akiba ya kituo. Katika nchi zenye masharti makali ya mazingira mvuke huo hurudishwa kwenye lori kwa bomba maalumu, lakini pasipo na mtambo huo huenda angani. Kanuni ambayo Mamlaka ya Udhibiti wa Huduma za Nishati na Maji (EWURA) huitumia kukokotoa bei kikomo za mafuta nchini Tanzania ina kipengele cha upotevu kwa kuvukiza, jambo linaloonyesha kwamba dola yenyewe imekubali kwamba mafuta hupungua kwa asili yake na kwamba gharama hiyo ni sehemu ya biashara. Upotevu ambao mnunuzi anauchangia ndani ya bei ya lita hauwezi tena kwa haki kutozwa mhudumu aliyemjazia gari.

Pampu nayo si chombo kisicho na kosa. Kwa viwango vya kimataifa vya vipimo, pampu ya mafuta inaruhusiwa kukosea kwa hadi asilimia 0.5 kwenda juu au chini, yaani mililita 100 katika kila lita 20. Pampu inayotoa ziada ya asilimia 0.3 ipo ndani ya kiwango hicho. Lakini katika kituo kinachouza lita 5,000 kwa siku ziada hiyo ni lita 15 kila siku na lita 450 kwa mwezi wa siku 30, zote zikiondoka katika tangi bila kuonekana kwenye mita na zikiingia katika magari ya wateja ambao hawajui kwamba wamepewa zawadi. Wakala wa Vipimo hukagua pampu na kuziwekea alama, lakini kati ya ukaguzi mmoja na mwingine vipuri huchakaa, na mwenye jukumu la kupima pampu kwa ndoo ya lita 20 na kuomba zirekebishwe ni mwenye kituo.

Chanzo kikubwa zaidi cha shoti za kufikirika ni kipimo cha tangi chenyewe. Vituo ambavyo havina kifaa cha kielektroniki ndani ya tangi hupima kwa fimbo yenye alama za sentimita, shughuli ambayo wafanyakazi huiita kupiga dipu, kisha urefu uliolowa hulinganishwa na jedwali linaloonyesha urefu huo ni sawa na lita ngapi. Tangi la kituo kwa kawaida ni mcheduara uliolazwa, kwa hiyo sentimita moja katikati ya tangi ina lita nyingi zaidi kuliko sentimita moja karibu na sakafu yake. Tangi lenye kipenyo cha mita 2.5 na urefu wa mita 6, likiwa limejaa nusu, hubeba lita 15 katika kila milimita moja ya kina, kwa maana kwamba mpimaji akikosea kwa milimita 5 tu, kwa sababu ya giza, fimbo iliyoinama au mafuta ambayo bado yanacheza baada ya kushushwa, atakuwa ameumba au kufuta lita 75. Ardhi ikititia upande mmoja na tangi likainama, au jedwali likiwa ni la tangi jingine lenye umbo linalokaribiana tu, kosa hilo litajirudia kila siku bila yeyote kulitambua, na kila mwezi litapata mtu wa kulilipa. Maji yanayopenya tangini hufanya kinyume chake, kwani huinua kina na kuficha upungufu wa kweli hadi siku yatakapotolewa, na mhudumu atakayekuwa zamu siku hiyo ndiye atakayekutwa na shoti iliyojijenga kwa wiki nyingi.

Kuna pia upungufu unaoingia kituoni ukiwa tayari ndani ya lori. Mafuta yanaweza kunyonywa njiani, na kinga dhidi ya wizi huo ni kukagua sili za kila chemba, kupima chemba kabla ya kufungua, kusimamisha mauzo ya tangi husika, kupiga dipu kabla na baada ya kushusha, na kuandika tofauti yoyote kwenye hati ya upokeaji kabla dereva hajaondoka. Hatua zote hizo ni kazi ya meneja au msimamizi aliyekabidhiwa funguo. Lori linapofika usiku wa manane na hati ikasainiwa na mhudumu ambaye hajawahi kufundishwa kusoma jedwali la tangi, saini hiyo huthibitisha kwamba alikuwepo, na haithibitishi hata kidogo kwamba lita zilizoandikwa zilishuka.

Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya Tanzania, iliyotungwa mwaka 2004, inalishughulikia jambo hili kwa uwazi ambao unastahili kujulikana na kila mhudumu. Kifungu cha 28, kwa namba zilizotumika sheria ilipotungwa, kinamkataza mwajiri kukata kitu chochote katika ujira isipokuwa makato hayo yawe yanatakiwa au yanaruhusiwa na sheria, mkataba wa pamoja, amri ya mshahara, amri ya mahakama au tuzo ya mwamuzi, au mfanyakazi awe amekubali kwa maandishi kukatwa kwa ajili ya deni. Hata ridhaa hiyo ya maandishi haitoshi pale makato yanapokuwa ni fidia ya hasara. Hasara hiyo lazima iwe imetokea katika utendaji wa kazi na kwa kosa la mfanyakazi. Mwajiri lazima awe amempa mfanyakazi kwa maandishi chanzo cha deni, kiasi chake na namna lilivyokokotolewa. Mfanyakazi lazima awe amepewa nafasi ya kutosha kupinga chanzo, kiasi au ukokotoaji huo. Deni lisizidi hasara halisi. Na makato yote yasizidi robo ya ujira wake wa fedha. Masharti hayo yanakwenda pamoja, kwa hiyo likikosekana moja makato yanakuwa haramu. Mhudumu anayelipwa shilingi 300,000 kwa mwezi hawezi kukatwa zaidi ya shilingi 75,000 katika mwezi huo hata kama kosa lake limethibitishwa kikamilifu, na kituo kinachomrudisha nyumbani bila mshahara kwa sababu ya shoti kinavunja sheria pasipo shaka yoyote.

Sharti la kosa ndilo lenye uzito kuliko mengine. Sheria inazungumzia kosa la mfanyakazi anayekatwa, mtu mmoja mwenye tendo lake au uzembe wake, na haitoi nafasi kwa kundi la watu kulipa kwa kuwa walikuwa mahali pamoja. Kugawa shoti kwa wahudumu wanane ni kukiri kwamba mwajiri hajui nani aliyekosea, na mwajiri asiyejua nani aliyekosea hajatimiza sharti hilo. Vivyo hivyo, kifungu cha mkataba kinachosema kwamba mfanyakazi atawajibika kwa upungufu wowote utakaojitokeza hakiwezi kuchukua nafasi ya masharti ya sheria, kwani siku mkataba unaposainiwa bado hakuna hasara, chanzo wala hesabu ambayo mfanyakazi anaweza kuikubali au kuipinga. Sheria hiyo pia inakataza kumtaka mfanyakazi asaini kwamba amepokea ujira mkubwa kuliko aliopokea kweli, ujanja ambao huficha makato kwa kuyafanya yasionekane kabisa kwenye karatasi.

Kenya imechukua njia tofauti kidogo. Kifungu cha 19 cha Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 kinamruhusu mwajiri kukata kiasi cha kuridhisha kwa uharibifu au upotevu wa mali iliyo chini ya miliki au uangalizi wake, lakini tu ikiwa upotevu huo umesababishwa na kosa la makusudi la mfanyakazi, na kinaruhusu kukata kiasi cha fedha kilichopungua kwa uzembe au ukosefu wa uaminifu wa mfanyakazi ambaye mkataba wake unasema wazi kwamba amekabidhiwa kupokea, kutunza na kulipa fedha. Mgawanyo huo unalingana kwa karibu sana na ule wa upungufu wa fedha na upungufu wa akiba: kwa fedha zinazopita mkononi mwake, uzembe unatosha kumfunga mhudumu, kwa mali iliyomo tangini, lazima kuwe na makusudi. Kwa upande wa kiwango, hata hivyo, sheria ya Kenya ni nyepesi mno, kwa kuwa inaruhusu makato yote kwa jumla kufikia theluthi mbili za ujira, na theluthi inayobaki haimtoshi mtu anayelipa kodi ya nyumba jijini Nairobi. Uingereza, ambayo ililigusa suala la wafanyakazi wa rejareja katika Sheria ya Mishahara ya mwaka 1986 na kulihamishia katika Sheria ya Haki za Ajira ya mwaka 1996, iliweka kikomo cha asilimia 10 ya malipo ghafi ya kila siku ya mshahara kwa upungufu wa fedha na wa akiba, ingawa kikomo hicho hakitumiki katika malipo ya mwisho ya anayeondoka kazini.

Haisemwi hapa kwamba mfanyakazi hawezi kamwe kuwajibika. Mwaka 1957 Baraza la Malodi la Uingereza, katika kesi ya Lister dhidi ya kampuni ya Romford Ice and Cold Storage, liliamua kwamba dereva aliyerudisha lori nyuma kwa uzembe na kumjeruhi mfanyakazi mwenzake, ambaye alikuwa baba yake mzazi, alipaswa kumrejeshea mwajiri fidia iliyolipwa, kwa kuwa kila mwajiriwa ana wajibu wa kufanya kazi yake kwa uangalifu unaostahili. Uamuzi huo ulilaumiwa sana, na kampuni za bima, ambazo ndizo zilizoiendesha kesi hiyo kwa jina la mwajiri, baadaye zilikubaliana kutowafuata wafanyakazi kwa namna hiyo. Lakini hata kwa ukali wake wote, ulisimama juu ya uzembe uliothibitishwa mahakamani. Fiqhi ya Kishafii, inayofuatwa na Waislamu wengi wa pwani ya Afrika Mashariki, inafika karibu na hapo kwa njia yake: mwajiriwa wa mtu mmoja ni mwaminiwa, mali iliyo mkononi mwake ni amana, na hadaiwi fidia ikipotea isipokuwa amevuka mipaka au amezembea. Kwa mila zote mbili, anayedai ndiye anayepaswa kuonyesha kosa.

Mhudumu anayejaza petroli katika gari la dizeli bila kuuliza, anayemwachia mteja aondoke kwa ujumbe wa simu wa malipo ambao hakuuhakiki, au anayetoa mafuta kwa mkopo kwa mtu asiye kwenye orodha ya kituo, ametenda kosa linaloonekana na linaloweza kupimwa, na mwajiri ana haki ya kumdai kwa utaratibu wa sheria. Anayeiba ni suala jingine kabisa, kwani wizi unaofanywa na mtumishi ni kosa la jinai katika Kanuni ya Adhabu ya Tanzania na ya Kenya pia, na mahali pake ni mahakamani, mbele ya ushahidi. Kisichokubalika ni kuchanganya njia hizi mbili kwa kumpeleka mhudumu kituo cha polisi kwa tofauti ya dipu na kumweka huko hadi ndugu zake wachange fedha, kwa sababu tofauti ya dipu haithibitishi wizi, na deni halilipwi kwa mahabusu.

Kadiri mtu anavyokuwa na mamlaka zaidi juu ya tangi, ndivyo wajibu wake unavyokuwa mzito. Meneja anayeshika funguo, anayepokea malori, anayepiga dipu na kuandika kitabu cha akiba anaweza kuulizwa maswali ambayo mhudumu hawezi kuulizwa: kwa nini upungufu wa lita 40 kwa siku uliandikwa kwa wiki tatu bila fundi kuitwa, kwa nini sili hazikukaguliwa, kwa nini jedwali la tangi halikuhakikiwa. Hata yeye analindwa na masharti yale yale ya kifungu cha 28, na hasara inayotokana na joto, mvuke au pampu ambayo mwenye mali alikataa kuitengeneza haiwi yake kwa sababu tu cheo chake ni kikubwa. Anayepata faida mafuta yanapouzwa ndiye anayepaswa kubeba upungufu wa asili wa mafuta hayo, na kwa hilo hakuna uonevu wowote kwa mwenye kituo, kwa kuwa anaweza kuuingiza katika gharama zake, jambo ambalo mhudumu hana njia ya kulifanya.

Yapo mambo ambayo yanaweza kubadilishwa bila kusubiri sheria mpya. Serikali ilipotaka kodi yake ilihakikisha kwamba pampu zinaunganishwa na mashine za kielektroniki za kutoa risiti, na mwaka 2017 Mamlaka ya Mapato Tanzania ilivifunga vituo ambavyo havikutimiza sharti hilo, kwa hiyo upande wa mauzo leo una kumbukumbu ya kila lita. Upande wa tangi haujapewa uzito kama huo, ingawa ndiko hukumu dhidi ya wahudumu inakotoka. EWURA na maofisa kazi wanaweza kudai kwamba kila kituo kiwe na kitabu cha akiba kinachoonyesha dipu, joto, maji na majaribio ya pampu kwa kila siku, na kwamba mfanyakazi anayedaiwa apewe nakala yake kabla hata shilingi moja haijakatwa. Mwenye kituo asiyeweza kutoa nakala hiyo hana dai.

Mhudumu wa Tanzania aliyekatwa bila utaratibu wa sheria anashauriwa atunze hati zake za mshahara, picha za mita alizosoma na ujumbe wowote unaotaja shoti, kisha apeleke lalamiko lake Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Mgogoro wa makato hufikishwa huko ndani ya siku 60 tangu ulipotokea, na mgogoro wa kuachishwa kazi isivyo halali ndani ya siku 30.